Kabla Hamjaikata Miarobaini ya Shule

Hotuba ya muuguzi mstaafu katika mkutano wa wazazi wa shule moja ya msingi, Kisauni, Mombasa

Mwenyekiti wa kamati ya wazazi, mwalimu mkuu na walimu wenzako, wazee wa mtaa, mashekhe na wachungaji mliopo, na nyinyi wazazi wenzangu: asalaam aleikum, Bwana asifiwe, na kwa asiyekuwa kwenye hayo mawili, hujambo.

Mwenyekiti ameninong'oneza kuwa pilau iko tayari, na kwamba muuguzi hata akistaafu hachoki kutoa nasaha. Nimemwelewa.

Barua ya mwaliko ilisema nizungumzie afya ya mtoto. Chanjo, minyoo na soda mmeshahubiriwa kliniki mpaka mmechoka. Mimi nimekuja na jambo ambalo hatukuwa tukiliandika kwenye kadi: mtoto atoke nje. Mama naye atoke. Babu asiyeweza kutembea, atolewe. Nje penye mti, penye upepo, penye maji kama yapo. Na nje hiyo iwe karibu na nyumbani. Hilo la ukaribu ndilo hasa lililonifanya nikubali mwaliko.

Mtaniambia: wewe bibi, kwani sisi tuko wapi? Si tumezungukwa na bahari? Wageni wanapanda ndege kuja kulala kwenye ufuo huu huu, wewe watuambia tutoke nje? Haya, tuifuate siku ya mtoto wa darasa la nne wa hapa hapa Kisauni. Alfajiri yumo kwenye tuktuk. Mchana kutwa yumo darasani. Jioni ni tuisheni. Magharibi yuko nyumbani, gorofa ya tatu, geti limefungwa, katuni kwenye simu ya mamake. Wikendi ni madrasa au kanisa, nguo na kazi za shule. Bahari anaiona akivuka daraja la Nyali, tena kama amebahatika kukaa dirishani. Mtoto huyu na wa Nairobi wana tofauti gani? Jasho tu.

Nianze na macho, kwa sababu miwani ni ghali na watoto wanaoisogeza simu mpaka puani wanazidi. Mtoto anayesoma kitabu vizuri lakini ubao haoni, mara nyingi jicho lake limerefuka kuliko inavyotakiwa, ndiyo maana picha ya kitu cha mbali inaishia njiani kabla ya kufika kwenye retina, ule utando wa nyuma ya jicho unaopokea picha. Kurithi kupo, sikatai; baba na mama wakivaa miwani mtoto yuko hatarini zaidi. Lakini sehemu kubwa ya jambo hili ni mwanga. Darasa lenye taa nzuri lina mwanga wa kama laksi 300 hadi 500; laksi ni kipimo cha mwanga. Jua la mchana nje hufikia laksi 100,000, na hata kivulini, hata kukiwa na mawingu, mwanga wa nje huushinda wa darasani mara nyingi sana. Mwanga huo huifanya retina itoe kemikali iitwayo dopamini, na wataalamu wengi wanaamini dopamini hiyo ndiyo inayolizuia jicho lisiendelee kurefuka.

Huko Guangzhou, Uchina, watafiti walichukua shule 12 za msingi wakazigawa makundi mawili. Watoto wa darasa la kwanza katika kundi moja waliongezewa dakika 40 za kuwa nje kila siku ya masomo. Wenzao waliendelea kama kawaida. Baada ya miaka mitatu, katika shule za kawaida asilimia 39.5 ya watoto walikuwa wamepata tatizo la kutoona mbali. Katika shule zilizotoka nje ilikuwa asilimia 30.4. Matokeo yalichapishwa mwaka 2015. Si muujiza, maana bado wako wengi walioishia kuvaa miwani. Ila nionyesheni kitu kingine kisichogharimu hata shilingi kinachomwokoa karibu mtoto mmoja kati ya kumi. Na sikilizeni vizuri: hawakupelekwa mbugani, wala hawakununuliwa vifaa. Walitolewa uwanjani tu. Mwalimu mkuu, hapo nakutazama wewe.

Mwanga wa asubuhi una kazi nyingine pia, ya kuiweka sawa saa ya mwili, ili usiku usingizi uje wakati wake. Anayekaa gizani mchana kutwa, kisha akatumbulia simu usiku, mwili wake haujui ni saa ngapi. Mama anayelalamika kuwa mwanawe halali mpaka saa sita usiku, ajaribu kwanza kumtoa nje asubuhi.

Sasa niseme na mama zangu na dada zangu. Vitamini D, ile inayofanya mifupa ishike madini, mwili huitengeneza wenyewe ngozi ikipigwa na jua. Mtoto akiikosa sana hupata matege. Mtu mzima huumwa na mifupa, misuli ikalegea, akanunua vidonge vya maumivu kila wiki bila kujua chanzo. Inashangaza kwamba mji wenye jua kama huu unaweza kuwa na watu wenye upungufu huo, lakini fikirini: ngozi yetu nyeusi inahitaji muda mrefu zaidi juani kuliko nyeupe, kioo cha dirisha huzuia miale inayotakiwa, na wengi wetu tukitoka tumejifunika.

Msinielewe vibaya. Kosa si la buibui. Bibi zetu walivaa buibui vilevile, lakini nyumba za Mji wa Kale zilijengwa na ua ndani. Mwanamke alichambua mchele wake uani, akasukwa nywele uani, akaota jua asionwe na mpita njia yeyote. Waliojenga nyumba zile walijua wanachofanya. Gorofa zetu za leo zina balkoni ya kuanikia nguo, nayo imezungushiwa grili. Basi kama jengo lenu lina paa la saruji linalopandika, mwombeni mwenye nyumba awawekee pazia upande mmoja, wanawake wapande na watoto, kwa zamu na wanaume ikibidi. Kuna mahali nimeona wamefanya hivyo, na kodi haikupanda.

Na lile jua la saa kumi na mbili asubuhi tunalowaotesha watoto wachanga? Ni zuri kwa mambo mengine, lakini kwa vitamini D halina nguvu. Kipimo chepesi ni kivuli chako. Kikiwa kirefu kuliko wewe, miale hiyo ni kidogo. Kikiwa kifupi kuliko wewe, kama kuanzia saa nne asubuhi hapa kwetu, ipo ya kutosha, na muda mfupi wa mikono na miguu kuwa wazi, mara kadhaa kwa wiki, unasaidia. Usimwache mtoto aungue. Mwenye ualbino hili halimhusu kabisa: yeye ni kofia pana, mikono mirefu na mafuta ya kukinga jua, na vitamini ataipata kwa njia nyingine kwa ushauri wa kliniki. Na anayeumwa tayari aende akapimwe damu, asije akasema yule bibi alituambia tuote jua.

Haya yote ni ya jua. Mtu anaweza kuniuliza: basi mti ni wa nini? Nikasimame kwenye lami nipigwe na jua, si yaleyale?

Hayako sawa, na hapa ndipo nilipo na utafiti ninaoupenda kuliko yote, kwa kuwa ni wa wodini. Mwaka 1984, Mmarekani aitwaye Roger Ulrich alichapisha uchunguzi wake juu ya wagonjwa wa hospitali moja ya Pennsylvania waliopasuliwa kuondolewa kibofu cha nyongo. Upasuaji ule ule, wodi ile ile, wauguzi wale wale. Wagonjwa 23 walikuwa na dirisha linalotazama miti, na wenzao 23, waliolinganishwa nao kwa umri na hali, dirisha lao lilitazama ukuta wa matofali. Waliotazama miti walitoka hospitalini karibu siku moja mapema, wakahitaji dawa chache za maumivu zile kali, na wauguzi waliandika malalamiko machache kwenye mafaili yao. Hawakuugusa mti. Walikuwa wanautazama tu, kitandani. Aliyewahi kufanya zamu ya usiku anajua mgonjwa mmoja asiyelalamika ana thamani gani.

Rachel na Stephen Kaplan, mke na mume waliofundisha Chuo Kikuu cha Michigan, walikuwa na maelezo yao juu ya hili, na mimi yananiingia akilini. Walisema ile nguvu tunayotumia kuzingatia hesabu, barabara, mteja, simu, huchoka ikitumika mfululizo. Majani yanayotikisika, mawimbi na mawingu huvuta macho bila kuilazimisha akili, nayo ile nguvu iliyochoka ikapata mapumziko. Mwendesha bodaboda aliyelala kidogo chini ya mti wa mkungu mchana, halafu akaamka mpole, hajawahi kusoma nadharia hiyo, lakini anaijua.

Ni muda gani unatosha? Mwaka 2019 ulichapishwa uchunguzi wa karibu watu 20,000 wa Uingereza. Waliokaa nje penye miti, bustani au pwani kwa dakika 120 au zaidi kwa wiki walikuwa na uwezekano mkubwa zaidi wa kusema kuwa wana afya njema na wanaridhika na maisha. Chini ya hapo, tofauti haikuonekana. Wajanja miongoni mwenu watasema: huenda wenye afya ndio wanaoweza kutoka, na mgonjwa amebaki ndani. Ni hoja ya haki, na uchunguzi wa aina ile hauwezi kuimaliza. Lakini ndani yake mna jambo moja lililonigusa: haikujalisha kama mtu alizimaliza saa hizo mbili kwa mkupuo au alizigawa vipande vipande. Dakika 20 kwa siku, siku sita, zimetimia. Na kipande cha dakika 20 hukipati mbugani Tsavo. Unakipata pale unapoweza kufika kwa miguu, ukiwa na kandambili, sufuria ikiwa bado jikoni.

Fimbo ya mbali haiui nyoka, wazazi wenzangu. Shimba Hills ni pazuri, twendeni siku tukijaaliwa. Haller Park ni pazuri pia, ila pana kiingilio. Mama Ngina pana mibuyu mikongwe na upepo wa bahari kuu, na tangu pakarabatiwe mwaka 2019 watu hawakosekani pale jioni kwa madafu na mihogo. Lakini kutoka Kisauni, baba mwenye watoto wanne ahesabu nauli ya kwenda na kurudi, kisha watoto wayaone madafu. Atapelekana nao mara moja, Idi au Krismasi. Mara moja kwa mwaka haiponyi jicho wala haitulizi roho.

Sisi tuna nini cha karibu? Tuna ufuo wa umma wa Jomo Kenyatta kule Bamburi. Na upande wa pili tuna kitu ambacho wengi wenu mnakipa mgongo: mkono wa bahari wa Tudor, kule chini Junda na Mishomoroni, na mikoko yake. Nilishuka huko na wajukuu asubuhi moja ya bamvua. Bamvua ni ya mwezi mwandamo na mwezi mpevu, na hapa Mombasa maji yake hukupwa sana mnamo saa nne, saa tano asubuhi, wakati mzuri kabisa kwa mtoto. Maji yanateremka zaidi ya mita tatu, sakafu yote ya bahari inabaki wazi. Mizizi ya mchu imechomoza juu ya matope, maelfu, kila mmoja wima, kwa sababu matope yale hayana hewa na mti unapumulia huko. Kati ya mizizi wanatoka kaa wadogo. Dume ana gando moja kubwa karibu sawa na mwili wake mzima, analipunga juu chini, anaita majike na kuwatisha wenziwe. Mjukuu wangu, yule asiyeketi dakika tano mezani, alichuchumaa pale mpaka maji yakaanza kurudi. Akikohoa, kaa wote wanazama shimoni. Akinyamaza, wanatoka mmoja mmoja. Akajifunza kunyamaza, jambo ambalo mimi na mamake limetushinda. Mkisema Mombasa ndege ni kunguru peke yake, nendeni pale: kuna yangeyange, kuna mdiria. Kunguru huyu wa Bara Hindi ndiye anayekula mayai na makinda ya wengine huku mitaani, ndiyo maana asubuhi zetu zimebaki na kelele zake tu.

Jambo ambalo mama zangu mlishaanza kuliwaza kabla sijalitaja ni usalama. Mtoto atazama. Mtoto atakutana na wavuta bangi. Vijana wa panga nao wametuchosha, hamna haja ya kunihadithia. Sitawaambia hofu hiyo ni ya bure, maana mimi mwenyewe sishuki Junda peke yangu jioni. Tunakwenda asubuhi, kwa kundi, na kijana mvuvi anayeijua njia ya matope, na tunaulizia maji kabla ya kutoka, kwa sababu bamvua ikigeuka hurudi haraka na mtoto aliye mbali anaweza kuzingirwa. Lakini nitawauliza: uwanja ukiachwa tupu, nani anauhamia? Pale wanapoketi wazee na bao lao, na mama muuza viazi karai na karai lake, wavuta bangi hutafuta kwingine.

Na pale pasipo na mtu, anayekuja baadaye ni mwenye ukuta. Mnajua njia ngapi za kushukia baharini zimezibwa mkiwa mnatazama. Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 62, inasema ardhi yote iliyo kati ya maji kujaa na maji kupwa ni ardhi ya umma. Ni yenu. Lakini ukizibiwa njia ya kuifikia, umiliki huo unabaki kwenye karatasi. Kifungu cha 42 kinampa kila mtu haki ya mazingira safi na yenye afya. Profesa Wangari Maathai hakuwa na kifungu hicho mwaka 1989 alipozuia jengo la ghorofa 60 lisisimamishwe ndani ya bustani ya Uhuru Park, Nairobi. Alitukanwa bungeni, akaitwa majina. Bustani ipo mpaka leo.

Nimesema kuhusu Nairobi na Tudor. Sasa nirudi humu humu ndani ya ua wa shule.

Tumeambiwa miarobaini ile mitatu itakatwa ili eneo zima liwekwe kabro, vile vitofali vya saruji vya kutandika chini, magari ya wazazi na ya wageni yapate pa kuegesha. Nimesikia pia kuwa majani yanayoanguka yanachafua, na kwamba kamati itapanda maua kwenye vyungu badala yake. Kamati imefanya mengi mazuri, vyoo vipya ni vyake, sitaki nionekane nimekuja kuivunjia heshima. Lakini hebu tazameni hapo nje sasa hivi. Watoto wote wasio na kazi wamekaa wapi? Kuna mmoja aliyekaa juani? Mti ule unatoa kivuli, na majani yake yanatoa mvuke unaopoza hewa. Kabro hunywa jua mchana kutwa na kulitema mpaka usiku. Itakapofika Januari na Februari, kaskazi imetulia na hakuna upepo, mwalimu gani atawatoa watoto dakika 40 kwenye uwanja wa saruji? Hawatatoka. Watabaki darasani, na yote niliyosema tangu nianze hayatakuwa na pa kufanyikia.

Wapo wanaosema tutapanda mingine. Hapa chini ni jiwe la matumbawe, shimo moja la mti ni kazi ya sululu siku nzima. Kupanda kunawezekana, sikatai. Kule Bamburi, René Haller alianza mwaka 1971 kupanda miti kwenye machimbo ya saruji yaliyokuwa jiwe tupu, na maji ya chini yana chumvi. Katika aina 26 alizojaribu, tatu tu ndizo zilizoshika. Mvinje ndio uliomkubalia vizuri zaidi, kisha akaleta majongoo wayale majani yake makavu mpaka udongo ukaanza kutengenezeka. Leo ni msitu. Lakini ilichukua miaka, na mtu mwenye subira isiyo ya kawaida, na kampuni nyuma yake. Mtoto wa darasa la kwanza atakuwa ameshamaliza shule hii kabla mche wetu haujampa kivuli cha kukaa.

Nimezungumza na fundi wa kabro. Mpaka wa maegesho ukisogezwa kuelekea langoni, tunapoteza nafasi ya magari mawili na miarobaini yote inabaki, mradi waache udongo wazi kuzunguka kila shina ili mizizi ipate maji. Amenichorea, na karatasi nimempa mwenyekiti asubuhi hii. Majani yanayoanguka, wazazi wa darasa langu la jioni tumekubaliana kuyafagia kila Jumamosi. Naomba pia ratiba ya muhula ujao iwe na kipindi kimoja kila siku cha kuwa nje, kisichoibwa na mazoezi ya mtihani.

Kazi imepangwa kuanza likizo ya Agosti. Naomba suala hili lipigiwe kura leo, wazazi wote tukiwa hapa, lisisubiri kikao cha watu wanne ofisini. Mwenye swali, mama yule wa nyuma, naona umeinua mkono muda mrefu. Sema, mwanangu.